Aya ya Mwisho ya Shangazi

Mume wangu hajui kusoma kitu bila kukisahihisha. Nalisema hili mapema ili mtu asidhani nilidanganywa. Niliolewa naye nikijua. Wakati wa uchumba nilimwandikia barua ya mapenzi, nimekaa nayo jioni nzima nikitafuta maneno, na yeye akanirudishia barua ile ile imejaa wino mwekundu, chini ameandika: "Vizuri, ila ongeza bidii." Dada zangu walicheka mpaka wakakaa chini. Wanafunzi wake walimwita Kalamu Nyekundu, na jina limemganda mpaka leo. Hata mwenye duka hapa jirani anamwita hivyo, naye anaitika.

Ualimu aliuacha kwa hasira. Alikuwa na darasa la watoto wanaoweza kukueleza theluji inavyoanguka, lakini hawajawahi kusoma hata ukurasa mmoja wa mtu wanayeweza kukutana naye sokoni. "Watoto wetu wanadhani vitabu huandikwa na watu waliokufa," alisema, akaja nyumbani na kiinua mgongo chake, akakigeuza chote kikawa karatasi. Chumba cha mbele kikawa ofisi, cha wageni kikawa stoo, na wageni wenyewe wakawa wanakalia maboksi. Mimi niliyekuwa karani wa shule nikawa mpiga taipu, mhariri msaidizi, mfunga vifurushi na mchemsha chai. Cheo kikabaki kuwa mke.

Silalamiki, kazi niliipenda. Tulitoa kitabu cha fundi cherehani, cha muuguzi, cha dereva wa lori aliyetunga mashairi akiwa safarini. Mume wangu alivipakia kwenye gari lake bovu, akazunguka navyo shule hadi shule. Walimu wakuu walimkaribisha, wakampa soda, wakamwambia maneno yale yale: vitabu vizuri, Mwalimu, lakini havijapitishwa. Kuna jopo la wakubwa linaloamua kitabu gani kifundishwe darasani, na kisichopita hapo shule haikigusi hata kama kimeandikwa na malaika. Kupata kitabu kimoja cha kwetu kipite, kimoja tu, ndiyo ilikuwa ndoto ya mume wangu. Nimemsikia akiizungumza usingizini.

Nyumba yetu ilikuwa na desturi moja ambayo sijaisikia kwa mchapishaji mwingine. Kabla kitabu hakijaenda kiwandani, mwandishi anaitwa sebuleni, anakalishwa kwenye kiti cha dirishani, na mume wangu anamsomea kitabu chake chote kwa sauti. Mwandishi akisikia neno lisilo lake anasema "hapo," na kazi inasimama. Mimi nakaa pembeni na nakala ya pili ya prufu, zile karatasi za majaribio, nikifuatilia mstari kwa mstari. Desturi hiyo mume wangu aliringa nayo kuliko kitabu chochote. "Mtu ayasikie maneno yake kwa sikio lake kabla hatujayafunga," alikuwa akisema. "Hapo ndipo tunapoachana na wezi."

Sasa nije kwa shangazi. Shangazi ni dada yake baba, na ndiye aliyenilea mama alipofariki. Alikuwa mkunga wa hospitali, nusu ya mtaa imepitia mikononi mwake, na mtu mzima na kitambi chake akijitia ubabe anamwambia, "Usinipandishie mabega, mimi nilikuona kabla hujavaa." Alipostaafu macho yakaanza kuingia ukungu, mtoto wa jicho. Siku moja akaniita: "Njoo na mashine yako. Nina kitabu tumboni na kimeshatimiza miezi." Nikawa naenda kwake kila nikipata nafasi, yeye anasema, mimi napiga taipu.

Kilikuwa kitabu cha kuchekesha, jamani. Mkunga kijana na vituko vya wodi: waume wanaozimia mlangoni, mama wakwe wanaogombania jina la mtoto ambaye hata kichwa hajatoa. Nilikuwa nacheka mpaka nakosea herufi. Kisha, kuelekea mwisho, kikageuka. Mkunga mwenyewe anashikwa na uchungu kabla ya siku zake, anajua kabisa hali si nzuri, anamwambia mumewe ampeleke hospitali. Mume anasema, "Tungoje kesho. Wewe si mkunga?" Anageukia ukutani, analala. Mtoto hakuiona hiyo kesho, na mama hakuzaa tena.

Sikuuliza chochote. Shangazi hana mtoto, na marehemu mumewe mimi nilimkuta mzee mpole asiyeweza kumtazama mkewe usoni. Nilikula sahani moja nao miaka yote ya utoto wangu na sikujua.

Aya ya mwisho aliisema polepole, mikono kaiweka magotini. "Aliniomba msamaha mpaka siku aliyokufa. Nilimpikia, nilimfulia, nilimuuguza, nilimzika. Kumsamehe, sikumsamehe."

Nikangoja aendelee.

"Weka nukta," akasema. "Sasa nipe maji ninywe."

Mume wangu aliposoma mswada alilia bila kujificha. Kalamu nyekundu ilipita kote, lakini ukurasa ule haikuugusa. Akaupeleka mswada kwenye jopo, na safari hii jibu lilikuja kwa miguu yake: mkaguzi wa shule, mmoja wa wanajopo, alifika mwenyewe nyumbani, akakaa juu ya boksi la mashairi ya dereva wa lori. Alikuwa mtu muungwana, siwezi kumsingizia.

"Mwalimu, kitabu kimetuvunja mbavu na kimetutoa machozi," alisema. "Kimepita. Ila ule mwisho. Mtoto anafunga kitabu, anabaki na nini? Kinyongo? Aya moja tu, Mwalimu. Huyo mama asamehe, basi, tumalize. Zungumza na mwandishi. Akikubali, mwakani kiko madarasani."

"Nitazungumza naye," mume wangu akasema, na naamini alikusudia.

Alikwenda kwa shangazi akarudi. "Nimemkuta kapumzika." Akaenda tena. "Alikuwa na wageni." Nikamwambia mwanamume mzima unamwogopa bibi asiyeona? Akasema, "Kesho." Kesho ikazaa kesho. Huku nyuma kalamu haikutulia, na asubuhi moja akaniletea kikaratasi: "Hatimaye nikamsamehe, na moyo wangu ukatulia kama maji ya mtungini. Hakika, msamaha ni tiba."

"Huyu si shangazi," nikamwambia. "Shangazi hajasema 'hakika' tangu azaliwe."

"Piga tu, tuone itakavyokaa. Nitamwambia kabla ya kumsomea."

Nikapiga. Vidole vilikuwa vyangu, sina wa kumtupia lawama. Nilijiambia atamwambia. Nilijiambia pia, na hili linanichoma zaidi, kwamba labda hatajali. Nilitaka kitabu kipite. Nilitaka kumwona mume wangu akirudi na gari tupu siku moja.

Siku ya mwisho ya kusomewa, shangazi alikaa kwenye kiti cha dirishani, kafumba macho, anatabasamu. Kila mume wangu alipofika kwenye kituko, yeye alikuwa ameshaanza kucheka. Tukafika kwenye uchungu, tukafika kwenye ukuta. Nilikuwa nimeshika nakala yangu, nimeweka kidole chini ya "Hatimaye nikamsamehe," nikangoja aweke karatasi chini aseme, shangazi, kabla sijaendelea.

Akasoma: "Aliniomba msamaha mpaka siku aliyokufa. Nilimpikia, nilimfulia..."

Mungu wangu! Nilitazama karatasi, nikamtazama yeye. Macho yake yalikuwa kwenye prufu, yanakwenda kushoto na kulia kama ya mtu anayesoma, na mdomo unatoa kitu kingine kutoka kichwani. Alimaliza yote, mpaka "sikumsamehe." Hakukosea hata neno.

Shangazi akashusha pumzi. "Ndiyo yenyewe," akasema. "Ahsante, mkwe wangu. Nilikuwa na wasiwasi mngenitengenezea." Akageukia upande wangu, akinitafuta kwa sauti. "Na wewe umefuatilia, mwanangu? Hakuna kosa?"

"Hakuna, shangazi," nikasema.

Usiku huo hatukugombana. Ingekuwa afadhali.

Kitabu kikapita kwenye jopo na aya ile ya kikaratasi, kikaenda kiwandani, kikarudi na harufu yake ya wino, jalada zuri, jina la shangazi kwa herufi kubwa. Tukapanga kukizindua kwenye ukumbi wa shule alikofundisha mume wangu. Na hapo ndipo hospitali ya macho ilipopiga simu. Mume wangu ndiye aliyemwandikisha shangazi, zamani kabla ya jopo wala mkaguzi, akamwahidi, "Utakisoma kitabu chako kwa macho yako." Foleni ilikuwa ndefu tukaisahau. Sasa zamu yake imefika. Mtu aliyenilea anakwenda kuona tena, na mimi moyo ulinishtuka pale ambapo ungepaswa kufurahi. Nilimpeleka mwenyewe. Njia nzima ananiimbia, nami najiuliza kama daktari anaweza kuahirisha. Fikiria mtu wa namna gani anawaza hivyo.

Upasuaji ukaenda salama. Miwani ikapatikana siku chache kabla ya uzinduzi. Nilimpelekea nakala yake nikijua sasa ndiyo basi, lakini aliipapasa jalada, akaifunga kwenye kitambaa. "Nitaifungua mbele ya watu," akasema. "Mtoto hafunuliwi kabla ya wageni."

Asubuhi ya siku yenyewe nilikuwa namfunga kilemba chumbani kwake. Nikajikaza. "Shangazi, ule mwisho..."

"Ule mwisho ndio kitabu chenyewe," akanikata, anajitazama kwenye kioo, anashangaa mikunjo yake aliyokuwa hajaiona muda mrefu. "Hivyo vichekesho vyote nimevisema ili nipate ujasiri wa kufika pale. Ulitaka kusema nini?"

"Nilitaka kusema ni mzuri."

Jogoo ana ujasiri kuliko mimi.

Ukumbi ulijaa. Wanafunzi, walimu, wakunga wenzake na sare zao, na mkaguzi mbele kabisa. Mume wangu alivaa koti lake la siku kubwa. Alihutubia vizuri mno. Alisema kitabu hiki ni cha kwanza cha mtu wa kwetu kuingia darasani, watu wakasimama kupiga makofi. Alikuwa amepanga kila kitu. Katika nakala ya kusomea alibandika utepe kwenye sura ya kwanza, ile ya baba aliyezimia akaangukia ndoo. Shangazi atasoma hiyo, watu watacheka, tutakwenda kunywa chai.

Akasoma. Lo, alivyosoma! Ukumbi uliangua kicheko mpaka mwalimu mkuu akavua miwani kujifuta. Akafunga kitabu, akaanza kurudi kwenye kiti. Mkaguzi akanyoosha mkono.

"Mama, samahani, usituache njiani. Tusomee na ule mwisho. Mwisho ule ndio uliotugusa sana kwenye jopo."

Mume wangu akaruka. "Mheshimiwa, muda umetutupa mkono..."

"Muda upo," shangazi akasema, na uso wake uliwaka kwa furaha. "Huo mwisho nilitaka kuusoma tangu asubuhi."

Nilitamani sakafu ipasuke. Alifungua ukurasa wa mwisho, akasoma uchungu, akasoma ukuta, akasoma mtoto. Akageuza ukurasa, akafungua mdomo, akanyamaza. Alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya kilemba, akaivaa tena. Akasogeza kitabu karibu. Kisha akainua macho akamtazama mume wangu, macho yake mapya, masafi, nadhani ilikuwa mara ya kwanza amwone vizuri baada ya miaka.

Watu walidhani machozi yanamzuia. Wakunga wenzake wakaanza kusema pole, pole.

Nilijua ulimi wake. Nilijua sasa atatuvua nguo mbele ya kadamnasi, na tunastahili. Lakini shangazi alirudisha macho kwenye ukurasa, akasoma kwa sauti iliyonyooka: "Hatimaye nikamsamehe, na moyo wangu ukatulia kama maji ya mtungini. Hakika, msamaha ni tiba."

Akafunga kitabu. Makofi yalitaka kuangusha paa. Mkaguzi alikuwa anapangusa macho. Mwanafunzi mmoja wa kike akasimama, akauliza, "Bibi, kwani ni kweli ulimsamehe?"

"Kitabu kimesema hivyo," shangazi akajibu, akakaa.

Alitusitiri. Angetupiga makofi ingekuwa rahisi kubeba. Watu walikuja kunipongeza, wananishika mikono, na kila mkono nilitamani kuuponyoka.

Tulirudi nyumbani watatu kwenye lile gari. Shangazi aliingia sebuleni bila kungoja kukaribishwa, akakaa kwenye kiti cha dirishani. Akavua miwani, akaikunja, akaiweka mapajani. Akamnyooshea mume wangu kitabu.

"Nisomee," akasema. "Ukurasa wa mwisho. Kama ulivyonisomea siku ile."

Mume wangu alikipokea. "Shangazi, nisamehe. Ni makosa yangu. Nilitaka kipite, nilikuwa nitakwambia..."

"Sijakwambia uombe radhi. Nimekwambia unisomee. Si ndiyo desturi yenu? Mtu ayasikie maneno yake?"

Alifungua kitabu. Mtu aliyesimama mbele ya madarasa maisha yake yote, mtu ambaye sauti yake ilisikika mpaka barabarani, alisimama pale katikati ya maboksi na midomo inacheza haitoi kitu. Mara ya kwanza maneno yalimtoka kama maji. Sasa yalikuwa yamemkimbia. "Aliniomba..." akasema, akakwama. "Aliniomba..." Jasho lilimdondokea kwenye ukurasa. Kwa kweli sikuweza. Huyu ni mume wangu, hata kama ni mjinga ni mjinga wangu, sikuweza kumtazama akidhalilika hivyo. Nikaona nimsaidie.

"Aliniomba msamaha mpaka siku aliyokufa," nikasema. "Nilimpikia, nilimfulia, nilimuuguza, nilimzika. Kumsamehe, sikumsamehe."

Shangazi alikuwa amefumba macho akisikiliza. Akayafumbua. Taratibu akavaa miwani yake, na mara hii hakumgeukia mume wangu. Alinigeukia mimi.

"Umeyahifadhi," akasema.

"Ndiyo, shangazi."

"Siku ile ulikaa hapo pembeni, karatasi mkononi. Unafuatilia."

Nikatazama maboksi.

"Nikakuuliza kama kuna kosa."

Kumbe mpaka dakika ile hakuwa amelifikia hilo. Alidhani ni mkwe peke yake. Njia nzima ndani ya gari alikuwa akinionea huruma, mwanawe aliyeolewa na mtu kama huyu. Nililiona linamwingia usoni, hatua kwa hatua, nami ndiye niliyelipeleka kwa mdomo wangu mwenyewe.

"Yeye ni mkwe," akasema. "Wewe nilikulea."

Akanyanyuka, akakataa kusindikizwa.

Mume wangu alikwenda kwa mkaguzi akaeleza yote bila kujitetea. Kitabu kiliondolewa madarasani kabla hata hakijaingia. Tulikichapa upya, aya yake ikiwa vile alivyoisema, na bado kipo kwenye maboksi chumba cha wageni. Vikao vya kusomea vinaendelea, lakini mume wangu hasomi tena. Mwandishi anasoma mwenyewe, yeye anakaa anasikiliza, na kalamu nyekundu sijui aliipeleka wapi.

Na shangazi? Watu wanadhani amekata mguu. Hapana, anakuja. Nikimwamkia shikamoo, anaitikia marahaba. Nilipougua mgongo alikuja akakaa nami, akanikanda kwa maji ya moto, akanipikia uji, akafua mashuka yetu kwa mikono yake. Anatania, anacheka, anamwuliza mume wangu habari za vitabu. Hajawahi kulitaja jambo lile hata kwa fumbo.

Siku ile ya mgongo nilishindwa. Nilimshika mkono nikalia kama mtoto, nikamwambia shangazi, nimekukosea, niambie tu kwamba umenisamehe, neno moja, nipate usingizi.

Alinifuta machozi kwa kiganja chake, akanivutia shuka mpaka mabegani.

"Mwanangu," akasema, kwa upole kabisa, "si umeshakisoma kitabu?"

Akachukua bakuli la uji akaenda kuliosha.